Nusu milinganyo: elektroni imetoka wapi, imekwenda wapi

Chukua waya wa shaba uliosuguliwa ukang'aa, uutumbukize kwenye mmumunyo wa nitrati ya fedha, kisha uuache utulie. Baada ya muda mmumunyo ambao haukuwa na rangi unaanza kugeuka buluu, na juu ya waya zinaota sindano nyembamba za fedha, moja ikizaa nyingine, mpaka waya wote unakuwa kama tawi lililoota manyoya. Mwanafunzi akiambiwa aandike kilichotokea humo ndani, mara nyingi ataandika hivi:

Cu + Ag⁺ → Cu²⁺ + Ag

Atahesabu: shaba moja kushoto, shaba moja kulia, fedha moja kushoto, fedha moja kulia. Ataweka kalamu chini. Na kwa upande wa atomi hana kosa lolote. Sasa tuhesabu chaji. Kushoto kuna +1, kulia kuna +2. Chaji moja chanya imezuka tu, haina baba wala mama. Hilo haliwezekani, kwa sababu chaji haiumbwi wala haiangamizwi katika mmenyuko wa kikemia, sawasawa na atomi.

Kwa hiyo kila mlinganyo wa kikemia una madaftari mawili, la atomi na la chaji, na yote mawili lazima yafunge. Katika mmenyuko wa asidi na alkali, au pale mashapo yanapojitenga na mmumunyo, ukisawazisha atomi, chaji nayo hukaa sawa bila kuangaliwa. Ndiyo maana wengi huzoea kulisahau daftari la pili. Kwenye mimenyuko ya redoksi, ambako elektroni huhama kutoka kwa mmoja kwenda kwa mwingine, usahaulifu huo huadhibiwa papo hapo. Nusu mlinganyo ni njia ya kulishika daftari la chaji kwa kuuliza swali moja: elektroni zimetoka kwa nani, na zimepokewa na nani?

Maneno yaliyozaliwa kabla ya elektroni

Sehemu ya ugumu wa mada hii imo kwenye majina. Uoksidishaji uliitwa hivyo mwishoni mwa karne ya 18, Antoine Lavoisier alipoonyesha kuwa vitu vinavyoungua huungana na oksijeni. Upunguzaji ni neno la wafua madini: ukiyeyusha mawe yenye madini, chuma kinachopatikana huwa na uzito mdogo kuliko mawe uliyoanza nayo, kwa hiyo mawe "yamepunguzwa". Elektroni yenyewe haikujulikana hadi mwaka 1897, J. J. Thomson alipoitambua katika majaribio yake. Majina yalikuwepo muda mrefu kabla ya jambo yanaloliita leo.

Leo tunasema hivi: kitu kikipoteza elektroni kimeoksidishwa, kikipokea elektroni kimepunguzwa. Hapo ndipo mtu hushtuka. Inakuwaje aliyepokea aitwe aliyepunguzwa? Jibu ni kwamba elektroni ina chaji hasi. Ioni ya fedha, Ag⁺, ikipokea elektroni moja, chaji yake inashuka kutoka +1 hadi 0. Ioni ya chuma Fe³⁺ ikipokea elektroni inakuwa Fe²⁺, yaani 3 imeshuka ikawa 2. Kinachopungua ni namba ya chaji. Ukilishika hilo huhitaji kukariri wimbo wowote wa kutofautisha maneno haya mawili, na mimi binafsi sijawahi kuona wimbo wa aina hiyo ukimsaidia mtu siku ya mtihani.

Mtego mwingine wa majina ni neno kioksidishaji. Huyu ni yule anayemwoksidisha mwenzake, maana yake anamnyang'anya elektroni, maana yake yeye mwenyewe anazipokea na kupunguzwa. Mwizi hapotezi, anayepoteza ni aliyeibiwa.

Turudi kwenye waya wetu. Shaba inapoteza elektroni mbili:

Cu → Cu²⁺ + 2e⁻

Chaji kushoto ni 0. Kulia ni +2 na −2, jumla 0. Fedha inapokea moja:

Ag⁺ + e⁻ → Ag

Kushoto +1 na −1, jumla 0, kulia 0. Anayepoteza elektroni huziandika kulia, kwa sababu ni zao la tendo lake. Anayepokea huziandika kushoto, kwa sababu anazihitaji ili tendo lifanyike. Wapo wanaoandika Cu − 2e⁻ → Cu²⁺, na kihesabu si kosa, ila namna hiyo huficha ukweli kwamba elektroni zimetoka nje na zinatafuta pa kwenda. Heri kuiacha.

Shaba moja inatoa elektroni mbili, ilhali ioni moja ya fedha inaweza kupokea moja tu. Basi zinahitajika ioni mbili za fedha. Tunauzidisha nusu mlinganyo wa fedha kwa 2, wote mzima, si elektroni peke yake:

2Ag⁺ + 2e⁻ → 2Ag

Tukijumlisha na ule wa shaba, elektroni mbili za kushoto na mbili za kulia zinafutana:

Cu + 2Ag⁺ → Cu²⁺ + 2Ag

Chaji ni +2 pande zote. Ile namba 2 mbele ya fedha haikubahatishwa. Imelazimishwa na elektroni. Na nitrati je? Ilikuwepo mwanzo, ipo mwisho, haikubadilika. Ioni za namna hiyo huitwa ioni watazamaji, na mahali pao si ndani ya nusu mlinganyo. Buluu unayoiona ni ya Cu²⁺, nitrati haina rangi.

Nusu zilizotenganishwa kwa waya

Mtu anaweza kudhani kuwa nusu mlinganyo ni ujanja wa karatasi tu, kwamba tumeligawa tendo moja ili kurahisisha hesabu. Mwaka 1836 John Frederic Daniell alitengeneza betri inayoonyesha vinginevyo. Zinki inakaa katika mmumunyo wa salfeti ya zinki, shaba katika mmumunyo wa salfeti ya shaba, na kati ya mimumunyo hiyo kuna ukuta wenye vitundu vidogo unaoruhusu ioni kupenya huku ukizuia mimumunyo isichanganyike ovyo. Zinki na shaba hazigusani. Ukiziunganisha kwa waya nje, umeme unapita, na voltimita itakuonyesha karibu volti 1.1.

Upande wa zinki: Zn → Zn²⁺ + 2e⁻
Upande wa shaba: Cu²⁺ + 2e⁻ → Cu

Zinki inalika, shaba inaongezeka uzito. Kila nusu inafanyika mahali pake, na elektroni unazoandika kwa e⁻ zinasafiri ndani ya waya. Ukikata waya, pande zote mbili zinasimama. Hakuna nusu inayoweza kuendelea peke yake, kwa sababu elektroni zilizotolewa lazima zipokelewe. Ndiyo sababu ya kanuni ambayo kila mwalimu huisisitiza: nusu mlinganyo lazima uwe na elektroni, na mlinganyo kamili lazima usiwe nazo. Ukiona e⁻ imebaki kwenye jibu la mwisho, kuna kuzidisha kulikokosewa. Na ukiona nusu zako zote mbili zina elektroni upande uleule, umewaandika watoaji wawili bila mpokeaji, au wapokeaji wawili bila mtoaji.

Namba iliyo mbele ya e⁻ pia ina uzito wake nje ya karatasi. Moli moja ya elektroni (moli ni kipimo cha idadi ambacho wanakemia huhesabia chembe) hubeba chaji ya kulombu 96,485 hivi, kiasi kinachoitwa kwa jina la Michael Faraday. Ukitaka gramu 108 za fedha kutoka kwenye ioni zake (moli moja), nusu mlinganyo Ag⁺ + e⁻ → Ag unakuambia upitishe kiasi hicho mara moja. Ukitaka gramu 27 za aluminiamu, nazo ni moli moja, Al³⁺ + 3e⁻ → Al inakudai mara tatu yake. Uzito ni robo tu, umeme ni mara tatu. Viwanda vya aluminiamu hulazimika kulipia hiyo 3.

Oksijeni inapoingia katikati

Hadi hapa ioni zetu zimekuwa rahisi. Kazi huanza pale kitu kinachopokea elektroni kinapokuwa kimebeba oksijeni, na mfano unaopendwa kuliko yote ni ioni ya pamanganeti, MnO₄⁻. Ndani ya asidi, zambarau yake kali inatoweka na kubaki Mn²⁺, ambayo ikiwa imezimuliwa huonekana karibu haina rangi.

MnO₄⁻ → Mn²⁺

Atomi nne za oksijeni zimekwenda wapi? Wanafunzi wengi huandika 2O₂ upande wa kulia, na inaonekana kama jibu la busara. Si sahihi, na sababu yake inafaa kueleweka. Katika pamanganeti kila oksijeni huhesabiwa kuwa na −2. Ili iwe gesi ya O₂, ambako namba yake ni 0, ingebidi itoe elektroni, wakati tendo tunaloliandika ni la kupokea. Njia nyepesi kwa oksijeni ni kubaki na −2 yake, na mle ndani ya asidi ioni za H⁺ zimejaa tele. Oksijeni inazichukua mbili mbili na kuwa maji.

Kwa hiyo tunaandika maji manne kulia:

MnO₄⁻ → Mn²⁺ + 4H₂O

Oksijeni zimetimia, lakini sasa kulia kuna hidrojeni nane zisizokuwepo kushoto. Tunazileta kama H⁺:

MnO₄⁻ + 8H⁺ → Mn²⁺ + 4H₂O

Daftari la atomi limefunga. Tufungue la chaji: kushoto −1 na +8, jumla +7. Kulia +2. Ili +7 iwe +2 tunahitaji chaji hasi tano, na chaji hasi pekee tuliyo nayo ni elektroni:

MnO₄⁻ + 8H⁺ + 5e⁻ → Mn²⁺ + 4H₂O

Mpangilio huu wa hatua hufundishwa kama amri: kwanza atomi nyingine zote, halafu oksijeni, halafu hidrojeni, mwisho elektroni. Ni nadra kuambiwa kwa nini. Sababu ni kwamba kila kifaa tunachotumia kinarekebisha jambo moja na kuvuruga lingine linalofuata. Maji yanaleta oksijeni lakini yanavuruga hidrojeni. H⁺ inaleta hidrojeni lakini inavuruga chaji. Elektroni inarekebisha chaji, na kwa kuwa haina atomi ndani yake, haivurugi chochote. Ukianza na elektroni unapiga deki kabla ya kufagia: utarudia kazi.

Kuna shahidi anayeweza kuitwa kuthibitisha hiyo 5, naye ni namba ya uoksidishaji, yaani chaji ambayo kila atomi huhesabiwa kuwa nayo, kama ile −2 ya oksijeni. Katika MnO₄⁻ oksijeni nne zina jumla ya −8, na ioni nzima ina −1, kwa hiyo manganisi ina +7. Inashuka hadi +2. Tofauti ni 5. Njia mbili tofauti zimefika kwenye namba moja, na hapo unaweza kupumua. Mimi namtumia shahidi huyu kila mara, lakini baada ya kazi, si kabla. Anayeanza na namba za uoksidishaji kwenye molekuli za kaboni hujikuta akigombana na visehemu bila sababu.

Sasa tumkutanishe pamanganeti na ioni za Fe²⁺. Hizi hutoa elektroni moja moja:

Fe²⁺ → Fe³⁺ + e⁻

Pamanganeti anataka tano, basi tunazidisha kwa 5 na kujumlisha:

MnO₄⁻ + 8H⁺ + 5Fe²⁺ → Mn²⁺ + 4H₂O + 5Fe³⁺

Chaji kushoto: −1 + 8 + 10 = +17. Kulia: +2 + 15 = +17. Watu hushangaa kuona 17, kana kwamba mlinganyo mzuri lazima utoe sifuri. Hakuna kanuni hiyo. Kinachotakiwa ni pande mbili kulingana. Chaji za kufikisha sifuri zimeshikwa na watazamaji ambao hatukuwaandika.

Pale nusu zote mbili zinapokuwa na maji

Dikromati na ethanoli ni mfano mzuri wa kupima kama umeelewa au umekariri. Rangi ya machungwa ya dikromati hugeuka kijani inapokutana na ethanoli ndani ya asidi, na mabadiliko hayo ndiyo yaliyotumika katika vifaa vya zamani vya kupima kilevi kwenye pumzi za madereva.

Tuanze na dikromati. Kromiamu ziko mbili ndani ya Cr₂O₇²⁻, kwa hiyo kabla ya kugusa oksijeni tunaweka 2 mbele ya Cr³⁺. Kisha maji saba, kisha H⁺ kumi na nne. Chaji kushoto −2 + 14 = +12, kulia +6, elektroni ni sita:

Cr₂O₇²⁻ + 14H⁺ + 6e⁻ → 2Cr³⁺ + 7H₂O

Angalia kinachotokea ukiisahau ile 2. Kulia chaji inakuwa +3, na ili kushuka kutoka +12 unahitaji elektroni tisa. Utaandika 9e⁻, daftari la chaji litafunga vizuri kabisa, na hutashtuka. Lakini kromiamu moja imepotea. Hili ndilo kosa baya kuliko yote katika mada hii kwa sababu linajificha: mtu aliyejifunza kwamba "cha muhimu ni chaji" analikagua daftari moja, analikuta safi, anaondoka. Shahidi wetu angemkamata mara moja. Kila kromiamu inashuka kutoka +6 hadi +3, zikiwa mbili ni elektroni 6, hazitakuwa 9 kamwe.

Upande wa ethanoli inayogeuka kuwa asidi ya ethanoiki:

C₂H₅OH → CH₃COOH

Kaboni mbili kwa mbili. Oksijeni moja kushoto, mbili kulia, kwa hiyo safari hii maji yanaingia kushoto. Hidrojeni kushoto zinakuwa nane (sita za ethanoli na mbili za maji), kulia nne, basi H⁺ nne zinakwenda kulia. Chaji kushoto 0, kulia +4, kwa hiyo elektroni nne kulia:

C₂H₅OH + H₂O → CH₃COOH + 4H⁺ + 4e⁻

Elektroni zimeangukia kulia zenyewe, bila sisi kuambiwa kwamba ethanoli inaoksidishwa. Hapo ndipo ninapoipendea njia hii: huhitaji kujua nani ni nani. Unasawazisha tu, na upande ambao elektroni zinatua unakupa jibu.

Mmoja anataka sita, mwingine anatoa nne. Kigawe kidogo cha shirika ni 12, kwa hiyo dikromati mara 2 na ethanoli mara 3. Jumla mbichi, kabla ya kufuta:

2Cr₂O₇²⁻ + 28H⁺ + 3C₂H₅OH + 3H₂O → 4Cr³⁺ + 14H₂O + 3CH₃COOH + 12H⁺

Maji na H⁺ yako pande zote. Tunatoa maji matatu kila upande na H⁺ kumi na mbili kila upande:

2Cr₂O₇²⁻ + 16H⁺ + 3C₂H₅OH → 4Cr³⁺ + 11H₂O + 3CH₃COOH

Kushoto −4 + 16 = +12; kulia 4 × 3 = +12. Jaribu kuzipata 2, 16, 3, 4, 11 na 3 kwa kubahatisha, uone itakuchukua muda gani.

Ndani ya alkali

H⁺ haziwezi kuonekana kwenye mlinganyo wa tendo linalofanyika katika alkali, kwa sababu mle ndani zingemezwa na OH⁻ mara moja. Kuna wanaofundisha kanuni mpya kabisa ya kusawazisha kwa OH⁻, na kila nikiitazama naona inazaa makosa kuliko inavyosaidia. Njia fupi ni kusawazisha kana kwamba ni asidi, kisha kuzizima H⁺ mwishoni.

Chukua pamanganeti tena, safari hii katika alkali ya wastani, ambako inageuka kuwa MnO₂, mashapo ya kahawia. Kwa hatua zilezile tunapata:

MnO₄⁻ + 4H⁺ + 3e⁻ → MnO₂ + 2H₂O

Sasa ongeza OH⁻ nne kila upande. Kushoto zinaungana na H⁺ nne na kuwa maji manne. Kulia zinabaki kama zilivyo. Futa maji mawili kila upande:

MnO₄⁻ + 2H₂O + 3e⁻ → MnO₂ + 4OH⁻

Kushoto −1 − 3 = −4, kulia −4. Tumeongeza kitu kilekile pande zote, na hilo halijawahi kuharibu mlinganyo wowote. Elektroni zilikuwa tatu, zimebaki tatu.

Angalia pia kwamba pamanganeti iliyochukua elektroni tano katika asidi sasa imechukua tatu. Katika alkali kali sana inaweza kuchukua moja tu na kuwa MnO₄²⁻ ya kijani. Kwa hiyo "pamanganeti ni tano" si jambo la kukariri. Lazima ujue zao ni nini, na hilo linaonekana kwa macho: isiyo na rangi, kahawia, au kijani.

Klorini tuipitie haraka. Ikiingia kwenye alkali baridi, yenyewe ndiyo mtoaji na yenyewe ndiyo mpokeaji. Nusu moja ya klorini inakuwa Cl⁻, nyingine inakuwa ClO⁻, ile ioni iliyomo kwenye dawa ya kung'arisha nguo nyeupe. Andika klorini kwenye nusu milinganyo yote miwili bila woga, kisha jumlisha, na ukimaliza gawanya kwa 2:

Cl₂ + 2OH⁻ → Cl⁻ + ClO⁻ + H₂O

Milinganyo miwili iliyosawazishwa, mmoja wa uongo

Nimeacha mwisho mfano unaonifanya niamini kuwa nusu milinganyo ni zaidi ya mbinu ya kusawazisha. Peroksidi ya hidrojeni, H₂O₂, ikikutana na pamanganeti ndani ya asidi, zambarau inatoweka na mapovu ya oksijeni yanatoka. Tazama milinganyo hii miwili:

2MnO₄⁻ + 5H₂O₂ + 6H⁺ → 2Mn²⁺ + 5O₂ + 8H₂O

2MnO₄⁻ + H₂O₂ + 6H⁺ → 2Mn²⁺ + 3O₂ + 4H₂O

Hesabu wa kwanza: oksijeni 18 kwa 18, hidrojeni 16 kwa 16, chaji +4 kwa +4. Hesabu wa pili: oksijeni 10 kwa 10, hidrojeni 8 kwa 8, chaji +4 kwa +4. Madaftari yote yamefunga kwenye yote miwili. Na kuna mingine mingi ya namna hiyo, haina mwisho. Mtu anayesawazisha kwa kubahatisha anaweza kuangukia wowote na asione kasoro.

Kwa nusu milinganyo mambo ni mengine. Peroksidi inatoa elektroni hivi:

H₂O₂ → O₂ + 2H⁺ + 2e⁻

Pamanganeti anapokea tano, peroksidi inatoa mbili, kigawe kidogo cha shirika ni 10, kwa hiyo pamanganeti mbili kwa peroksidi tano. Mlinganyo wa kwanza unajitokeza, na hakuna mwingine unaoweza kujitokeza. Katika ule wa pili, peroksidi moja inatoa elektroni mbili tu, ilhali pamanganeti mbili zinadai kumi. Nane zilizobaki zimetoka wapi? Ukitazama vizuri, zingepaswa kutoka kwenye oksijeni za pamanganeti yenyewe, yaani tungekuwa tunadai kwamba sehemu ya gesi imetoka kwenye oksijeni ileile tuliyokwisha kusema inabaki na −2 yake na kuwa maji. Mkanganyiko huo hutokea kwa sababu peroksidi inaweza pia kujivunja yenyewe, 2H₂O₂ → 2H₂O + O₂, na tendo hilo, kwa kuwa nalo limesawazishwa, unaweza kuliongeza au kulitoa kwenye mlinganyo sahihi mara yoyote upendayo bila daftari lolote kulalamika. Toa mara mbili kwenye mlinganyo wa kwanza, utapata wa pili.

Tofauti hiyo inaonekana kwenye bureti, ule mrija wenye vipimo wa kudondoshea mmumunyo. Tuseme sentimita za ujazo 10 za mmumunyo wa peroksidi zimehitaji sentimita za ujazo 20 za pamanganeti yenye ukolezi wa moli 0.020 kwa lita, hadi zambarau ya kwanza ilipobaki bila kutoweka. Pamanganeti iliyotumika ni moli 0.00040. Kwa uwiano wa 2 kwa 5, peroksidi ilikuwa moli 0.0010, yaani ukolezi wa moli 0.10 kwa lita. Kwa uwiano wa 2 kwa 1, unapata 0.020, moja ya tano ya ukweli, kutoka kwenye mlinganyo ambao atomi zake zote na chaji zake zote ziko sawa.